Nilichosikia Kwenye Mkono wa Kushoto

Nilianza kusoma tiba ya Kichina nikiwa na ufagio mkononi, kwenye ngazi za jengo moja la ghorofa tatu kule Kisenyi, juu ya duka la vipuri vya magari. Sikwenda pale kusoma. Nilikwenda kufagia. Kwetu, mashariki mwa Kongo, nilikuwa muuguzi kwa miaka sita. Nilizalisha, nilishona majeraha, nilifumba macho ya wafu. Kampala diploma yangu ilikuwa karatasi ya Kifaransa yenye mhuri ambao hakuna aliyetaka kuusoma. Nilizunguka nayo ofisi hii na ile kwa mwaka mzima, na kila mahali niliambiwa nilete barua kutoka shule niliyosomea. Shule niliyosomea ilikuwa imechomwa moto. Mwishowe niliiweka chini ya godoro katika chumba nilichopanga Namuwongo, karibu na reli, nikatafuta kazi ya mikono.

Ghorofani kulikuwa na kliniki ya mama mmoja wa Kichina aliyekwisha kupita miaka sabini. Mwanawe wa pekee alikuwa mfanyabiashara wa vigae na mabomba mjini, akamleta Kampala baada ya baba yake kufa ili asizeeke peke yake. Mama yule alikataa kukaa nyumbani akitazama ukuta. Alikuwa daktari wa tiba ya kwao tangu ujana, basi mwanawe akamkodia vyumba viwili ili mama amwache apumue.

Siku ya tatu nilikuwa nafagia ngazi huku naongea kwa simu na dada yangu mdogo, aliyebaki kambini. Nilikuwa nikimweleza habari za kitanda nilichonunua. Mlango wa juu ukafunguliwa, yule mama akachungulia, akasema kwa sauti ya kukwaruza, "Si kitanda yangu. Kitanda changu."

Nilidhani nimesikia vibaya. Akarudia, akanionyesha kwa kidole nipande. Ndipo nilipojua kwamba akiwa msichana alipelekwa Tanzania pamoja na kundi la madaktari, akaishi miaka kadhaa katika hospitali ya bara, na Kiswahili alijifunza kwa wauguzi wa wodini. Hakuwa amekizungumza kwa zaidi ya miaka arobaini. Alipofika Kampala alitegemea kukitumia, akakuta watu wanasema Kiganda na Kiingereza, na Kiswahili cha mjini alikiita Kiswahili kilichovunjika miguu. Changu cha Kongo alisema kinachechemea, lakini angalau kinakwenda.

Tulikubaliana bila kukubaliana. Kila siku nikimaliza kufagia, nilikaa naye saa moja. Yeye alitaka mtu wa kuzungumza naye. Mimi nilitaka kushika mgonjwa tena, kwa njia yoyote ile.

Somo la kwanza alinifundishia dirishani. Kutoka pale tulikuwa tunaona kilima cha Kibuli na msikiti wake. Asubuhi upande unaotutazama ulikuwa kwenye kivuli. Aliniambia nirudi alasiri, nikarudi, upande uleule ulikuwa unawaka jua. Akaniambia kwamba yin na yang, ambayo watu huyatengenezea pete na mikufu, mwanzo wake ni hapo tu: upande wa kivuli na upande wa jua wa kilima kimoja. Kilima ni kilekile. Anayesema mgonjwa ana baridi tu au ana joto tu, alisema, ameangalia upande mmoja akaenda zake.

Nilimwelewa, lakini mengine yalinikera. Alikuwa na kitabu cha kale kilichopoteza jalada, alichokifunga kwa karatasi ya nailoni, na ndani yake mfalme mmoja anamuuliza mganga wake kila kitu, kwa nini watu wanaumwa, kwa nini wa zamani waliishi sana. Alikuwa anasoma mstari kwa Kichina, anafumba macho akitafuta neno la Kiswahili, kisha mimi naandika kwenye daftari la shule. Mti, moto, udongo, chuma, maji. Ini na hasira, moyo na furaha, wengu na wasiwasi, mapafu na huzuni, figo na woga. Nyongo, alisema, ndiyo inayoamua. Mtu mwenye nyongo dhaifu anajua la kufanya lakini halifanyi. Niliyaandika yote huku muuguzi ndani yangu akikunja uso. Siku moja nilimwambia wazi kwamba wengu hauna uhusiano wowote na wasiwasi. Akaniuliza juzi, dada yangu alipokosa kupokea simu kutwa nzima, nilikula nini. Nikasema sikula. Akageuza ukurasa.

Kuna siku alinishika mkono bila kuniomba, akaweka vidole vyake vitatu kwenye mapigo yangu, kisha akaniuliza nimezika watu wangapi. Nilikasirika. Nilimwambia hilo halimhusu, nikachukua ndoo yangu nikatoka, na kwa siku mbili nilifagia bila kupanda kwake. Siku ya tatu alinisubiri mlangoni akiwa na kitabu kingine, chembamba, cha homa zinazotokana na baridi. Akaniambia mtu aliyekiandika alianza kuandika baada ya kuzika jamaa zake wengi waliokufa kwa homa. Hakuomba radhi, hiyo haikuwa tabia yake. Lakini alikaa chini, akaanza kusoma, nami nikafungua daftari.

Kitabu kile nilikipenda. Hakikuwa na wafalme. Kilisema mgonjwa akiwa na homa na shingo imekaza na hatoki jasho, fanya hivi. Akitoka jasho, usifanye hivyo, fanya vile. Kiliandikwa kama mtu anayemwachia maagizo muuguzi wa zamu inayofuata. Nilikuwa nikitembea kurudi Namuwongo nikiirudia mistari ile mdomoni, na mabodaboda waliokuwa wakinipita walidhani nasali.

Dawa alinifundisha kwa ulimi. Kabati lilikuwa na droo zaidi ya mia, na kila droo nilibandika plasta nikaandika jina kwa namna nilivyolisikia. Alikuwa na amri moja: usimpe mtu kitu ambacho hujakionja. Nilionja mizizi, magamba, mbegu, maganda ya machungwa yaliyokaushwa mpaka yakawa meusi. Kulikuwa na mzizi mmoja wa njano, mchungu kiasi kwamba nililia machozi, na chapati niliyokula saa sita mchana ilikuwa chungu vilevile. Alicheka siku hiyo. Sikumwona akicheka mara nyingi.

Lakini kazi hasa ilikuwa mapigo. Vidole vitatu kwenye kifundo cha mkono, mahali patatu, mikono miwili, na kila mahali pasikilizwe juujuu, katikati na chini kabisa. Mapigo yanayoelea, yaliyozama, yanayoteleza kama shanga chini ya kidole, yaliyokaza kama uzi wa gitaa. Mwaka mzima wa kwanza sikusikia kitu zaidi ya kile nilichofundishwa uuguzini, yaani kuhesabu. Yeye alikuwa anashika mkono wa mgonjwa, ananipa mimi, ananiuliza, nakosea, anaushika tena. Wagonjwa wetu walikuwa wachuuzi, mafundi, wanawake wa Kisomali wenye maduka jirani, na waliona ajabu kushikwa na watu wawili kwa zamu. Wao walimwita musawo, jina ambalo Kampala humpa kila anayetibu. Mimi waliniita wa Muchina.

Mwaka wa tatu vidole vikafunguka. Siwezi kueleza vizuri zaidi ya hapo. Alikuja fundi mmoja wa gereji, mtu mzima, analalamika uchovu, anataka dawa ya nguvu. Nilianza mkono wa kulia, nikaenda wa kushoto, nikaweka kidole pale karibu na kiganja, mahali pa moyo. Mapigo yalikuja mawili, yakaruka, yakaja matano, yakaruka, yakaja moja. Hayakuwa na mpangilio wowote, na chini kabisa hapakuwa na kitu. Nilimtazama mama yule kabla hajashika. Aliushika, akaniambia kwa Kiswahili, taratibu, kana kwamba anaagiza chai, "Haya ukiyasikia huandiki dawa. Huyu si wetu. Mtafutie boda, nenda naye."

Nilipanda naye mpaka hospitali. Walimlaza siku hiyohiyo. Miezi miwili baadaye alipanda ngazi zetu polepole, akiwa amekonda lakini yuko hai, akatuletea ndizi. Mama alizipokea akasema hakufanya lolote. Mimi usiku ule nilishindwa kulala kwa furaha. Nilijua kitu. Baada ya miaka yote ya kuambiwa karatasi yangu haisomeki, nilikuwa najua kitu ambacho hakihitaji karatasi.

Hilo lilikuwa kosa langu, kudhani hakihitaji.

Mwaka wa nne mama yule aliteleza bafuni akavunjika nyonga. Mwanawe aliamua kumrudisha kwao akatibiwe, na sote tulijua kwamba kwa umri wake harudi. Siku mbili kabla ya safari nilikwenda kumwona nyumbani kwa mwanawe. Nilikuwa nimejiandaa. Nilimwomba aniandikie barua, hata kwa Kichina, kwamba nimesoma kwake miaka minne, kwamba ninajua mapigo, kwamba nimesoma vitabu viwili pamoja naye. Nilimweleza kwamba kwa barua hiyo ningeweza kutafuta kazi, pengine hata shule.

Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Bado."

Nikamuuliza bado nini. Akasema mwalimu wake alimweka miaka tisa. Nikamwambia mimi sina miaka tisa, na yeye hana mitano. Yalinitoka hivyohivyo. Hakukasirika. Aliniambia niendelee kusoma madaftari, nikikwama nimpigie simu, halafu akageukia dirisha. Vitabu alivifunga kwenye begi lake. Niliondoka nikiwa na madaftari kumi na moja na neno moja, na lile neno lilikuwa zito kuliko madaftari.

Mwanawe hakufunga kliniki. Aliipaka rangi nyeupe, akaondoa kabati la droo, akaleta meza ya kioo na mashine. Ilikuwa boksi dogo lenye waya, na mwisho wa waya kijiti cha shaba. Mgonjwa anakishika kwa dakika moja, kompyuta inapiga kelele kama redio inayotafuta stesheni, kisha printa inatoa karatasi nyingi zenye mishale ya juu na ya chini: ini, figo, mifupa, damu, sumu mwilini. Baada ya hapo zinauzwa dawa kwenye boksi zenye picha ya mlima. Siku ya kwanza, mwenyewe akiwa nje, nilikishika kile kijiti. Iliniambia nina tatizo la tezi dume. Pale pa jinsia palikuwa pameandikwa mwanamume; nikabadilisha nikaandika mwanamke, nikakishika tena, ikaniambia figo zangu ni nzima lakini nina upungufu wa kitu ambacho dakika kumi kabla nilikuwa nacho kwa wingi.

Mwanawe hakuwa mtu mkatili. Alinipa koti jeupe, akaniongezea mshahara, akaniita daktari mbele ya watu. Hakuwa anajua tiba na hakujifanya anajua. Kwake dawa zilikuwa kama vigae. Kiswahili hakujua hata neno moja, na Kiingereza chake kilikuwa cha kufanyia biashara. Kwa hiyo kazi yangu ilikuwa kukaa katikati. Mgonjwa alisema kwa Kiswahili au Kiganda, mimi nilisema kwa Kiingereza. Yeye alisoma karatasi za mashine kwa Kiingereza, mimi niliwaambia wagonjwa. Alipenda niwashike mkono kwanza, kwa sababu watu wa mtaa walikuwa wamezoea hivyo kutoka kwa mama yake. Wakishikwa walitulia. Kisha anawapa kijiti.

Nilijiambia ni kwa muda. Dada yangu alikuwa ametoka kambini, tunakaa wote Namuwongo, anaanza kusomea ushonaji. Nilijiambia pia kwamba dawa zile ni unga wa majani tu, haziui mtu. Hilo lilikuwa kweli. Haziui mtu.

Asubuhi moja ya mvua alikuja mama mwingine. Alikuwa mjane wa askari polisi, mtu wa kaskazini, mrefu, amefunga kitambaa cha kanisani, na Kiswahili chake kilikuwa kile cha kambi za polisi, alichokuwa amekisema na mumewe na majirani maisha yake yote. Ngazi zetu zilimchosha mpaka akakaa kwenye ngazi ya pili kutoka juu, nikamletea maji hapohapo. Nilitazama miguu yake. Viatu alikuwa amevikanyaga visigino kwa sababu miguu haikuingia. Nilibonyeza kwa kidole juu ya kifundo, shimo likabaki. Nikamuuliza analalaje. Akasema siku hizi analala amekaa, na mito mitatu mgongoni.

Muuguzi yeyote wa mwaka wa kwanza angejua. Sikuhitaji Wachina.

Hata hivyo nilimwingiza, nikamshika mkono. Wa kulia, kisha wa kushoto. Mapigo matatu, yakaruka. Moja, yakaruka. Sita ya haraka, yenye fujo, kisha kimya ambacho mimi mwenyewe nilishika pumzi nikikisubiri kiishe. Nilibonyeza mpaka chini. Chini hapakuwa na kitu. Nilikaa na mkono ule muda mrefu sana, mpaka mwenye kliniki akageuka kunitazama.

Akampa kijiti. Mashine ikapiga kelele. Karatasi zikatoka, akazisoma: mzunguko wa damu ni mzito, sumu nyingi, figo zimechoka. Akaweka boksi sita mezani, akaniambia nimweleze kwamba atumie kwa miezi mitatu, na miguu itapungua.

Nilimweleza. Nilitafsiri vizuri, neno kwa neno, kama mkalimani mzuri anavyotakiwa.

Yule mama hakuziangalia boksi. Aliniangalia mimi. "Wewe umeshika mkono yangu muda mrefu," alisema. "Wewe unaonaje, mtoto yangu? Hii dawa itasaidia mimi?"

Nimeipitia dakika ile mara nyingi kuliko kitu chochote maishani mwangu, na nimekuwa nikiuliza niliogopa nini. Niliogopa kazi, ndiyo. Lakini pia kulikuwa na lile neno, bado. Nilijiuliza mimi ni nani niseme kinyume na karatasi iliyochapwa, mimi ambaye kwetu hakuna tena shule ya kunithibitisha na mwalimu wangu mwenyewe alikataa kuniandikia mstari mmoja. Huenda vidole vyangu vimekosea. Nilijua havijakosea. Nilijitafutia shaka kama mtu anayetafuta ufunguo alioushika mkononi.

Nikamwambia, "Jaribu, mama. Isiposaidia, uende hospitali."

Akashukuru. Nilimshika mkono kushuka ngazi, boksi sita nimezibeba mimi.

Binti yake alikuja wiki ya nne. Aliingia akiwa na sare ya polisi, kofia mkononi, na mfuko wa plastiki wenye boksi nne ambazo hazijafunguliwa. Mwenye kliniki alisimama haraka akidhani amekuja kukagua leseni, akaanza kutafuta makaratasi kwenye droo. Binti hakumjali. Alinitazama koti, akaniuliza kama ni mimi niliyeshika mkono wa mama yake. Nikasema ni mimi. Akaniambia mama yake alifariki Jumapili, amekaa kwenye kiti hospitalini, walikomkimbiza mwisho, na kwamba daktari aliuliza kwa nini hawakumleta mapema.

Nilimwambia pole. Nilimwita afande, akasema nisimwite hivyo, hakuja kwa kazi.

Aliketi kwenye kiti cha wagonjwa. Hakupaza sauti hata kidogo. "Mama alisema kuna binti wa Kongo aliyemshika mkono muda mrefu kuliko daktari yeyote," alisema. "Alikuwa anakusifu. Nataka kujua kitu kimoja. Ulisikia nini?"

Mwenye kliniki aliniuliza kwa Kiingereza anataka nini. Sikumjibu. Nikamwambia yule binti yote: namna mapigo yalivyoruka, namna chini hapakuwa na kitu, miguu, mito mitatu. Nikamwambia kwamba nilijua ni moyo. Nikamwambia kwamba nilikuwa muuguzi.

Aligeuza kofia mkononi. Halafu akamwonyesha mwenye kliniki kwa kidevu. "Huyu anajua Kiswahili?"

"Hajui."

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo."

"Basi ungemwambia," alisema. "Angekuwa amekaa hapohapo na asingeelewa kitu. Ungemwambia, mama, chukua hizi boksi ili huyu asikasirike, ukitoka hapa nenda hospitali leo. Nani angejua?"

Hakusubiri nijibu. Aliacha ule mfuko juu ya meza ya kioo, akavaa kofia yake, akashuka. Mwenye kliniki aliniuliza kama anataka kurudishiwa pesa. Nilimwambia hapana, hataki kurudishiwa. Alipumua, akazirudisha boksi nne kwenye rafu.

Ningependa kuandika kwamba nilivua koti siku hiyo. Sikuvua. Nilifanya kazi wiki tano zaidi, na katika wiki hizo nilikuwa ninawanong'oneza wagonjwa kwa Kiswahili kile nilichopaswa kumnong'oneza yeye. Ilikuwa rahisi sana. Wengine waliacha boksi, wengine walizichukua wakaenda hospitali pia. Mauzo yalishuka, mwenye kliniki hakujua sababu, na mwishowe aliniambia kwa upole kwamba ameamua kuchukua msichana anayejua kompyuta vizuri zaidi. Nilimrudishia koti likiwa limepigwa pasi.

Nilimpigia mwalimu wangu simu mwezi uliofuata. Mpwa wake alimshikia simu, nikamwona kwenye kioo amelala, nywele zimebaki chache, lakini macho ni yaleyale. Kiswahili chake kilikuwa kimeanza kuondoka tena. Alikuwa anatafuta maneno. Nilimweleza habari ya mjane yule tangu mwanzo. Mashine ya mwanawe sikuitaja sana, maana hakustahili kuambiwa hilo akiwa kitandani. Alinisikiliza, akauliza mkono gani, mahali gani, kina gani, mapigo yaliruka baada ya mangapi. Nilipojibu alitikisa kichwa kukubali. Nilikuwa nimesikia sawasawa. Kwa muda mfupi, na naona aibu kulisema, nilifurahi.

Kisha akauliza, "Ukasema?"

"Sikusema, mwalimu."

Alifumba macho nikadhani amelala. "Basi hukusoma kitu," alisema, akamrudishia mpwa wake simu.

Hatukuzungumza tena. Alifariki kabla ya mvua za mwisho wa mwaka; mpwa wake alinitumia ujumbe mfupi kwa Kiingereza, na mimi nilijibu kwa maneno machache ambayo yeyote angeweza kuyaandika. Nilimkasirikia kwa muda mrefu. Nilijiambia kwamba kama angeniandikia ile barua ningekuwa na uti wa mgongo siku ile. Siku nyingine ninaamini hivyo. Siku nyingine nafikiri aliona kitu ndani yangu hata kabla yangu, na ndiyo maana hakuandika.

Sasa ninauza mkaa Namuwongo, na dada yangu ana cherehani yake pembeni. Watu wa kanisani kwetu wanajua nilifanya kazi kwa Muchina, wanakuja kunyoosha mikono. Nawashika, siwezi kukataa. Siuzi dawa. Wiki iliyopita alikuja jirani mmoja, fundi wa kuchomelea vyuma, anasema kifua kinambana. Mapigo yake yaliruka mara moja, labda mara mbili. Nilifunga gunia, nikamwambia twende. Alibisha njia nzima. Tulikaa kwenye benchi la hospitali tangu saa nne asubuhi mpaka saa kumi, wakampima moyo kwa mashine yao, daktari kijana akamwambia ni kiungulia na uchovu, apunguze pilipili. Jirani yangu alitoka amefura. Alisema nimempotezea siku nzima ya kazi kwa sababu ya kujifanya musawo, akapanda boda peke yake akaondoka. Nilimwacha akasirike, nikarudi kwa miguu.